Chuo cha Sauti na Kimya Tumekifunga Wenyewe



Mwezi uliopita mjukuu wangu wa kidato cha kwanza alinijia na kitabu cha hadithi za kigeni alichoazima kwa rafiki yake. Ndani yake mna chuo cha uchawi. Wanafunzi wa chuo hicho hawafundishwi kupaa kwa ufagio wala kuchemsha dawa. Wanafundishwa sauti na kimya. Ajuaye kulitamka neno kwa kipimo chake hufungua mlango wa chuma, na ajuaye kunyamaza kwa wakati wake humzuia adui asisogee. Mtoto alikuwa amesisimka. Akaniuliza, "Babu, mbona sisi Waswahili hatuna chuo kama hiki, hata cha kubuni?"

Nikamjibu kwamba tulikuwa nacho. Akataka kujua kilikwenda wapi, nami nikakosa la kusema, kwa sababu miongoni mwa waliokifunga na mimi nimo. Makala haya ndiyo jibu nililoshindwa kumpa jioni ile.

Tuanze na Fumo Liongo, ambaye kila mwanafunzi wa fasihi simulizi amelisikia jina lake, na ambaye Muhamadi Kijumwa wa Lamu alimtungia utenzi mwaka 1913. Liongo yumo gerezani, amefungwa minyororo. Hana upanga wala jeshi, ana sauti. Anaimba. Walinzi wanasikia wimbo tu, lakini kijakazi Saada anasikia ujumbe: mama aoke mkate wa wishwa, na ndani yake atie tupa. Mkate unaletwa, walinzi wanaudharau kwa kuwa ni wa makapi, mfungwa anaupata. Kisha anaomba apigiwe ngoma ya gungu. Matoazi yanalia, pembe zinapulizwa, na ndani ya shangwe ile tupa inakata chuma pasi na mtu kusikia. Mlango wa chuma umefunguliwa kwa sauti.

Sasa utazame mwisho wake. Liongo hadhuriki kwa silaha yoyote isipokuwa sindano ya shaba ikichomwa kitovuni, na anayemchoma ni mwanawe mwenyewe. Anajikokota hadi kisimani, anapiga goti, anapachika mshale kwenye upinde, na roho inamtoka akiwa katika hali hiyo. Mji unakosa maji kwa siku kadhaa, maana hapana anayethubutu kumsogelea. Mama yake anaitwa amwimbie ili apoe, naye hajibu. Maiti iliyonyamaza inakilinda kisima.

Hicho ndicho chuo alichokuwa anakiulizia mjukuu wangu. Waliotusimulia kisa hiki walimfanya Liongo kuwa malenga kabla ya kumfanya shujaa, na wakampa nguvu mbili: ya kusema na ya kunyamaza. Tukikisoma kama hadithi ya jitu lililokuwa na nguvu za mwili, tumekisoma nusu.

Na mafunzo ya chuo hicho hayakuishia katika visa. Yamo ndani ya kanuni za shairi lenyewe. Mshororo wa shairi letu la kawaida una mizani 16: nane za ukwapi na nane za utao. Kati ya ukwapi na utao hapana herufi; pana pumzi. Mchapaji huweka mkato mahali pale kwa kuwa hana alama nyingine, lakini mghani hupaona kuwa ni mlango: sauti huingia, husimama kizingitini, kisha husonga mbele. Kina cha kati kimewekwa mlangoni ili sikio lijue kwamba limefika. Mshororo wa mwisho tunauita kituo, na kituo ni mahali pa kutua. Mchukuzi hutua mzigo, ndege hutua mtini, na msemaji hutua maneno yake. Waliochagua jina hilo walijua kwamba ubeti humalizika kwa kimya kilichoandaliwa, wala si kwa nukta.

Hata mizani yenyewe ni kipimo cha sikio. Chukua neno "mbu" na neno "mbuzi". Jicho linaona herufi tatu zilezile mwanzoni mwa maneno yote mawili. Lakini katika "mbuzi", ile "mbu" ni silabi moja, nalo neno zima lina mizani mbili. Katika "mbu" peke yake, m hujitenga ikawa silabi kamili, kwa sababu mkazo wa Kiswahili hukaa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na neno hilo halina pengine pa kuuweka. Kwa hiyo mdudu yule mdogo ana mizani mbili, sawa na mbuzi mzima. Ndivyo ilivyo kwa "nchi" na "nge". Anayehesabu kwa jicho atakosea. Anayetamka hatakosea, hata kama hajawahi kuisikia kanuni.

Nawaomba mlikumbuke neno hilo mbu. Nitalirudia, na kwa aibu.

Nilianza kazi ya ualimu mwaka 1983, baada ya chuo cha ualimu, na miaka yangu mingi niliifanya katika shule za sekondari za Temeke. Shairi tulilifundisha hivi: mwalimu anaandika ubeti ubaoni, wanafunzi wananakili. Kisha maswali. Taja idadi ya beti. Taja idadi ya mishororo. Taja vina vya kati na vya mwisho. Hesabu mizani. Je, shairi hili lina kibwagizo au kituo? Dhamira ni ipi? Mtihani wa mwisho ulikuwa wa maandishi tangu swali la kwanza hadi la mwisho, nasi tulifundisha yale yatakayoulizwa. Katika miaka yangu yote ya kazi sikuona alama hata moja ikitolewa kwa mwanafunzi aliyelighani shairi vizuri. Mwanafunzi aliweza kupata alama zote za ushairi bila kulisikia shairi hata moja kwa masikio yake. Fikiri mtu anafaulu somo la upishi bila kuonja mchuzi.

Mwaka 1997 nilikuwa na darasa la kidato cha tatu lenye wanafunzi 70 na ushei. Mmoja wao alikuwa binti wa Tandika, bibi yake akiwa somo wa unyago. Binti yule alipopewa shairi asome, alilighani. Alifika kwenye mizani ya nane akatua, akaacha darasa lisubiri, kisha akaingia utaoni kwa sauti ya chini zaidi. Siku ya kwanza nilimwacha. Siku ya pili nilimwambia, "Keti. Hapa si ngomani." Darasa likacheka.

Baadaye nikawapa zoezi la kutunga ubeti mmoja. Wake ulianza na kipande hiki: "Usiku mbu huimba." Nilikuwa na daftari 70 mezani na taa ya chemli. Nikahesabu kwa ncha ya kalamu, u, si, ku, mbu, hu, i, mba, nikapata saba. Nikapiga mstari mwekundu, nikaandika "mizani pungufu", nikakata alama. Alipopokea daftari lake alisimama mbele ya meza yangu kitambo, akafungua kinywa, akakifumba, akarudi kwenye dawati lake. Hakunyoosha mkono tena katika kipindi changu hadi alipomaliza shule.

Mwaka jana, hapa Charambe ninapoishi, jirani yangu alimtoa mwali. Wenye kuzijua mila za Kizaramo wanajua kwamba mwali huwekwa ndani, hufundwa, na katika muda wake huo hutakiwa kuishi kwa utulivu, hapazi sauti. Mambo ya ndani si yangu kuyasema. Lakini siku ya kutolewa huwa ni ya wote, na wanaume tunaruhusiwa kusimama pembeni. Ngoma zilipigwa tangu alasiri. Mbagala mnaijua kwa kelele: bodaboda, gari la matangazo, kipaza sauti cha muuza dawa ya panya, mende na kunguni kinachojirudia mchana kutwa. Yote yalikuwapo, na juu yake ngoma.

Ndipo somo aliyekuwa akiongoza akainua kiganja. Ngoma zikakatika kwa pamoja. Wanawake wale wote wakanyamaza, watoto wakanyamaza, na nawaapieni kwamba hata mwenye bodaboda pale kona alizima pikipiki yake. Kimya kile kilidumu kiasi cha pumzi mbili. Kisha somo akaimba neno moja, la mwali, kwa sauti ya chini kabisa, nasi sote tukalisikia hadi barabarani. Mama wa mwali alikuwa analia.

Shughuli ilipopoa, somo yule alinifuata nilipoketi. "Shikamoo, Mwalimu." "Marahaba, mwanangu." Sikumtambua hadi aliponitajia shule na mwaka. Tukajuliana hali. Alipokuwa anaaga akatabasamu, akaniambia, "Mbu wangu alikuwa na mizani mbili, Mwalimu."

Nilirudi nyumbani, nikaketi mezani, nikalitamka neno lile huku nikigonga meza kwa kidole. M, bu. U, si, ku, m, bu, hu, i, mba. Nane. Binti alikuwa sahihi kwa muda wa zaidi ya miaka 25, na alijua. Mwenye cheti cha kufundisha ushairi nilikuwa mimi, na mwenye ushairi alikuwa yeye. Kwa mstari mmoja mwekundu nilimfunga mtu mdomo, nikaita kazi hiyo kusahihisha.

Najua wapo watakaonijibu. Niwajibu mapema.

Wa kwanza ni wale watakaosema kwamba haya ndiyo matokeo ya kuing'ang'ania sheria, na kwamba laiti tungewaachia watoto mashairi huru, mbu yule asingehesabiwa. Nawaheshimu, lakini hoja yao haifiki. Kaluta Amri Abedi alipotoa *Sheria za Kutunga Mashairi* mwaka 1954, alikuwa anaandika kwa ajili ya watu waliokwisha kusikia mashairi yakighaniwa barazani. Sheria ilikuwa kumbukumbu ya sikio. Euphrase Kezilahabi alipotoa *Kichomi* mwaka 1974, naye alikuwa na sikio lake, la mazungumzo ya watu wa kawaida. Tangu hapo tumegombana kwa miongo mitano kuhusu vina na mizani, na ugomvi wote tumeupigana kwa wino. Upande mmoja unahesabu silabi zilizo karatasini, upande wa pili unakata mistari karatasini. Shairi huru lisilosikika ni bubu kama lilivyo bubu shairi la arudhi lisilosikika. Atakaye kulitetea lolote kati ya hayo mawili na alisome kwa sauti mbele ya watu, tuone kama litasimama.

Wa pili ni wale watakaonikumbusha ngonjera. Watasema shule zetu hazikuwa bubu, kwani baada ya Azimio la Arusha la mwaka 1967 watoto walighani kila sikukuu. Ni kweli, na namshukuru marehemu Mathias Mnyampala kwa kuieneza sanaa ile ya malumbano. Katika ngonjera njema mmoja husema na mwenzake hunyamaza akimsikiliza, ndipo ajibu. Lakini sisi walimu tuliifanyaje? Tuliigeuza kuwa salamu za mgeni rasmi. Watoto 30 kwa sauti moja, shingo zimewatoka mishipa, wanamsifu kiongozi aliyechelewa saa tatu. Tuliwafundisha kupaza, hatukuwafundisha kutua. Sauti isiyojua kutua ni kelele, na kelele tunazo za kutosha. Anayezitaka na aende Rangi Tatu siku ya Jumamosi.

Wa tatu ni wazee wenzangu, ambao lawama zao zote huwaangukia vijana na singeli yao. Muziki huo umezaliwa katika mitaa yetu ya uswahilini, Manzese na Tandale zikitajwa kuliko kwingine, na mwendo wake hupita mapigo 200 kwa dakika. Mimi pia nilikuwa naufungia dirisha. Siku hizi nausikiliza, na nawaambieni kwamba kijana anayeweza kupanga vina juu ya mwendo ule bila kuukosa hata mmoja ana sikio ambalo mimi sikuwa nalo nikiwa na chaki mkononi. Na tazameni mpiga muziki anavyoukata ghafla, umati ukabaki hewani, kisha akaurudisha. Hicho ni kituo. Hakukifunza kwangu, kwa sababu kwangu hakikuwapo. Wanafunzi wa chuo cha sauti na kimya wangalipo mitaani. Waliokosekana ni walimu.

Wa nne ndio ninaowaogopa zaidi, kwa kuwa hoja yao ni nzito. Watauliza: mbona unakisifu kimya katika nchi na bara ambamo watu wengi wamenyamazishwa? Jibu langu ni kwamba kuna kimya cha aina mbili, na mwalimu asiyezitofautisha asishike chaki. Abdilatif Abdalla wa Mombasa aliandika mwaka 1968 waraka alioupa jina la *Kenya: Twendapi?* Kwa sababu hiyo alihukumiwa kifungo cha miaka mitatu. Huko gerezani, akiwa ametengwa na wenzake, alitunga mashairi akayaandika kwenye karatasi za chooni. Yalitoka kitabuni mwaka 1973 kwa jina la *Sauti ya Dhiki*. Waliomfunga walitaka kimya cha kwanza, kile cha kumziba mtu. Yeye akakigeuza kuwa kimya cha pili, kile cha mtu anayezipima silabi zake usiku ili asubuhi zisivunjike. Na mashairi yale yana vina na mizani kamili. Aliyenyimwa karibu kila kitu hakuitupa kanuni, kwa maana kanuni ilikuwa sikioni mwake, na sikio halinyang'anywi mlangoni.

Kimya cha kwanza ndicho nilichompa binti wa Tandika. Cha pili alikuwa nacho tayari alipoingia darasani mwangu, nami nilikiita ngoma.

Nataka nini basi? Sitaki jengo, na sitaki kamati. Kila tarehe 7 Julai, tangu UNESCO ilipoitangaza mwaka 2021 kuwa Siku ya Kiswahili Duniani, tunakusanyika kujihesabu: tu wangapi, nchi ngapi, vyuo vikuu vingapi. Tunakihesabu Kiswahili kama nilivyomhesabu mbu, kwa ncha ya kalamu. Mimi nataka mambo matatu yanayowezekana kesho asubuhi, katika darasa lenye wanafunzi 70 na kitabu kimoja.

Kwanza, shairi lisikiwe kabla halijaonwa. Vitabu vifungwe, mwalimu alighani au ampe mwanafunzi alighani, mara mbili. Kisha dakika moja ya kimya, bila swali. Dakika hiyo mtaiona ndefu kwa wiki ya kwanza. Vumilieni.

Pili, mizani ihesabiwe kwa kugonga dawati, kila mtoto akitamka mwenyewe. Mtoto akitofautiana na kitabu au na mwalimu, aulizwe amesikia nini kabla hajaandikiwa kosa. Laiti ningeuliza swali hilo moja mwaka 1997.

Tatu, wenye kutunga mitaala na mitihani waweke alama za kughani, hata ziwe chache. Msiniambie kwamba sauti haipimiki. Masomo ya sayansi yana mtihani wa vitendo, na hapana anayesema kwamba maabara ni mbwembwe. Ushairi nao una maabara yake, ni koo na sikio. Na pale shule isipokuwa na mwalimu ajuaye kughani, aitwe somo, aitwe mwimbaji wa kaswida, aitwe kijana wa singeli, aketi mbele ya darasa kwa kipindi kimoja. Wenye vyeti tukae nyuma tusikilize.

Mjukuu wangu nimemwahidi kumpeleka kwa yule binti, ambaye sasa ni mama mtu mzima mwenye wanafunzi wake. Nilipomwomba ruhusa alikubali, kwa sharti moja: babu mtu asije na kalamu.

Naweka kalamu chini kwa ubeti huu, nilioutunga kwa kugonga meza:

*Nalifunza kwa makosa, sikusikia sauti,*
*Nikahesabu kurasa, na wino wa kwenye beti,*
*Mwana kanijibu sasa, kwa kimya kilicho dhati,*
*Rudisheni bila visa, chuo chetu kwa umati.*

Wasalaam.

Mwalimu mstaafu,
Charambe, Mbagala.